Mwiko: ninavyomwona mhadhiri wa akiolojia aliyenipa 38

Kila muhula unapokaribia, wadogo zangu wa mwaka wa kwanza hunitumia swali lilelile: "Huyu wa akiolojia vipi? Nichukue somo lake au nikimbie?" Nimewajibu kwa ujumbe wa sauti mpaka nimechoka. Sasa naandika mara moja, kwa kirefu, yaliyonikuta pamoja na niliyoyaharibu kwa mikono yangu. Jina lake silitaji, wala la chuo. Waliopita kwake watamtambua kwa jina tulilombandika sisi: Mwiko.

Jina lilimkaa kwa sababu mbili. Kwanza, hakuna siku aliyotembea bila mwiko wake, ule mdogo wenye ncha kama wa fundi mwashi, umenolewa miaka na miaka hadi ubapa wake umebaki nusu. Pili, kwake karibu kila kitu kilikuwa mwiko. Kuchelewa mwiko. Kusema "nadhani" bila kuonyesha unadhani kwa sababu gani, mwiko. Kukiita kigae "kitu fulani hivi", huo ulikuwa mwiko mkubwa, na aliyeuvunja alisimamishwa mbele ya darasa zima mpaka apate neno.

Niliingia akiolojia kwa sababu ambayo leo naona haya kuitaja: nilitaka kuona dhahabu ikitoka ardhini. Kichwani mwangu mwanaakiolojia alikuwa mtu mwenye taa mkononi anayesukuma mlango wa kaburi la mfalme. Siku ya kwanza Mwiko akaingia na boksi la viatu. Akatugawia kila mmoja kigae kimoja cha chungu kilichovunjika, akasema, "Kielezeni. Mna dakika 50." Akaketi, akafungua gazeti lake.

Niliandika sentensi nne. Kigae ni cha udongo. Rangi yake ni kahawia. Ni cha zamani. Kina urembo. Muda uliobaki niliutumia kumchukia. Wiki iliyofuata karatasi ilirudi na maneno mawili ya kalamu nyekundu: "Unene? Ukingo?" Hakuna zaidi.

Unene wa kigae, na namna ukingo wake ulivyokunjwa, humsaidia mtu kukisia chungu kilikuwa kikubwa kiasi gani na huenda kilifanya kazi gani. Kipande cha ukingo ukikilinganisha na chati ya duara, unapata kipenyo cha mdomo wa chungu ambacho hukioni tena. Ni jambo tamu, na lingenishika siku ileile. Nililijua miezi saba baadaye, tena kwa mwanafunzi wa mwaka wa tatu tukiwa tunasubiri mvua ikatike. Hapo ndipo penye ugomvi wangu na Mwiko hadi leo. Yeye anataka ufike peke yako. Wengi hawafiki. Darasa letu lilianza na watu 41, wiki ya sita tulikuwa 23.

Darasani hakutumia projekta. Alikuwa na chaki, ubao, na hadithi za watu walioharibu. Wahadhiri wengine husimulia waliogundua. Yeye alikuwa mtaalamu wa walioharibu. Alitueleza habari za Heinrich Schliemann, ambaye miaka ya 1870 aliutafuta Troy, mji wa vita vinavyosimuliwa katika mashairi ya kale ya Wagiriki, katika kilima cha Hisarlik huko Uturuki, akapasua handaki kubwa katikati yake, akatangaza hazina ya Priam, mfalme wa mji huo katika mashairi. Hazina ile ilitoka kwenye tabaka lililotangulia zama za vita hivyo kwa takriban miaka 1,000. Ili kulifikia alikuwa amepita katikati ya mabaki ya miji ya baadaye na kuyatupa, ukiwemo ule ambao huenda ndio hasa alioutafuta.

Kilichonigusa zaidi ni Great Zimbabwe, magofu ya mji wa kale wa mawe nchini Zimbabwe. Mwaka 1902 Richard Hall aliwekwa kuwa mtunzaji wa magofu yale. Akafukua udongo uliolala ndani ya kuta na kuutupa nje, akiamini anaondoa uchafu wa Waafrika waliokuja nyuma, ili awafikie wajenzi aliowadhania kuwa wageni kutoka mbali. Uchafu ule ndio uliokuwa na ushahidi wa wajenzi wenyewe. Mwaka 1905 David Randall-MacIver akaeleza kwamba kuta zilijengwa na Waafrika, na mwaka 1929 Gertrude Caton-Thompson akalithibitisha kwa uchimbaji makini, lakini kila mmoja alilazimika kuhangaika kutafuta mahali ambapo udongo haujavurugwa. Mwiko alipofika hapo aliweka chaki chini. "Ukuta umebaki," alisema. "Ushahidi ni udongo ulioukumbatia ukuta, na udongo hauchimbwi mara mbili."

Nikaandika sentensi hiyo daftarini na kuipigia mstari. Kuiandika na kuielewa ni mambo mawili.

Insha ya kwanza ilihusu upimaji wa umri. Nakiri hapa, kwa kuwa aliyenisaidia keshahitimu: nusu yake niliinakili kutoka kwenye desa, yaani majibu yaliyoachwa na waliotutangulia. Mambo yote yalikuwemo. Willard Libby na wenzake, waliotangaza mwaka 1949 njia ya kupima umri kwa kaboni 14, aina ya kaboni yenye mionzi ambayo viumbe huipata wakiwa hai. Tuzo ya Nobel ya kemia mwaka 1960. Nusu-uhai wa miaka 5,730, kwamba kila muda huo unapopita kaboni 14 iliyomo kwenye mfupa au mkaa hupungua kwa nusu, na kwamba ukifika kwenye miaka 50,000 hivi kinachobaki ni kidogo mno kupimika. Nikaongeza na kile kichekesho kwamba katika hesabu hizo neno "sasa" lina maana ya mwaka 1950. Nilijipa 80 moyoni.

Nikapata 38. Pembeni ya aya ya mwisho aliandika: "Tarehe ya nini?"

Maneno mawili na kiulizo. Nilikasirika hadi mikono ikatetemeka, maana niliyachukua kama dharau. Wenzangu wanne walikuwa wamepata chini ya 45. Tukajikusanya tukaenda ofisini kwake kwa hasira za kundi, kila mmoja akijitia ushujaa kwa sababu ya mwenzake. Alitusikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, "Nani kati yenu ameisoma tena kazi yake tangu niirudishe?" Kimya. "Basi njooni mmojammoja, na karatasi."

Alikwenda mmoja tu. Alikaa ndani dakika 20 hivi, insha yake ya pili ikapata 71. Sisi wanne tukasema anapendelewa.

Ukisoma hadi hapa halafu ukafunga, chukua hili: nenda. Nenda peke yako, ndani ya wiki ileile, ukiwa na kazi yako na swali moja ulilolipigia mstari kwa penseli. Usiulize "kwa nini umenipa 38," kwa sababu atakujibu kwa hesabu za alama na mtabaki hapohapo. Muulize, "Sentensi hii ingeandikwaje ili isimame?" Hapo Mwiko hugeuka mtu mwingine. Huvuta kiti, huchora, hukutolea kitabu kabatini. Hilo sikulijua kwa kuwa nilikuwa na shughuli ya kuwa na hasira.

Mwisho wa muhula tukapewa fomu ya tathmini ya mhadhiri, isiyo na jina. Nikaandika sentensi niliyojivunia mno: "Anafundisha udongo, hafundishi akiolojia." Niliwasomea wenzangu bwenini wakacheka. Kwa kuwa kicheko kilinilewesha, nikaongeza mstari wa pili kuhusu anavyokohoa katikati ya maneno. Kifua chake kilikuwa kibovu, na kila mtu alijua. Ule mstari wa kwanza naweza kuutetea mpaka kesho. Wa pili siwezi.

Muhula uliofuata aliingia na karatasi mkononi. Akasoma, bila kumtazama mtu: "Anafundisha udongo, hafundishi akiolojia." Nikahisi masikio yanawaka. "Aliyeandika hivi," akasema, "ndiye pekee aliyesikia nilichokuwa nasema muhula mzima. Nampongeza." Akaikunja karatasi, akaitia mfukoni, akaendelea na somo. Mstari wa pili hakuusoma. Alikohoa mara mbili kabla ya kipindi kuisha, na mara zote mbili nilitazama sakafu.

Mwaka wa pili ulikuwa na mafunzo ya uwanjani, wiki sita, kwenye makazi ya kale yaliyoachwa karne nyingi zilizopita. Hapa nitakaa kidogo, kwa kuwa wengi wenu mnajiandaa kwenda.

Uchimbaji unachosha kwa namna isiyosemwa. Jasho na jua unavizoea. Kinachokumaliza ni magoti na uvumilivu. Beba kitu laini cha kupigia magoti; mimi nilijitia ugumu, wiki ya pili nikawa natembea kama mzee. Mwiko unauvuta kuelekea kwako kwa ubapa, ukikwangua tabaka jembamba, huchimbi kwa ncha. Tumia penseli, si kalamu ya wino, maana lebo ya wino ikipata unyevu inakuwa doa la bluu na mfuko wako unakuwa mfuko wa vigae yatima. Lebo ni mbili, moja ndani ya mfuko na moja nje, na uziandike kabla ya kuokota, kamwe si baada. Mkaa wa kupimwa umri usiushike kwa vidole. Uchukue kwa ncha ya mwiko safi na uufunge kwenye karatasi ya alumini. Rangi ya udongo isome kwenye kitabu cha Munsell, kile chenye vipande vya rangi vilivyopewa namba, ukiwa umevua miwani ya jua, na udongo mkavu uunyunyizie maji kidogo kwanza. Haya yote aliyasema Mwiko asubuhi ya kwanza kwa dakika kumi, mara moja tu. Mimi niliyarudia kwa kukosea, moja baada ya jingine.

Kila mraba wa kuchimbwa ulikuwa na wanafunzi wawili. Mwenzangu alikuwa mtu makini kunizidi, mwenye mwandiko mzuri, na mpole. Siku ya 11 alikwenda kwenye chekeche nikabaki peke yangu. Tulikuwa tumemaliza sakafu ya juu, ya udongo ulioshindiliwa, na tulikuwa tukishuka kwenye tabaka la chini yake, la kahawia ya kuelekea njano. Karibu na ukuta wa shimo nikakutana na doa la duara, jeusi-jeusi, upana wa sahani. Laini kuliko udongo wa pembeni. Nikasema moyoni: mzizi uliooza.

Nikalichota lote lililokuwa upande wetu wa ukuta. Nilichelewa, nilikuwa na njaa, na lilichimbika kirahisi baada ya siku mbili za kukwangua udongo mgumu. Ndani yake mlikuwa na vigae vitano na kipande kizuri cha mkaa, kikubwa kama kidole gumba. Nilifurahi. Nikakifunga vizuri kwenye alumini, jinsi tulivyofundishwa, nikaandika lebo mbili, nikaweka namba ya tabaka la chini. Vigae vikaingia mfuko wa tabaka la chini.

Jioni, kitandani, nikagundua nilichofanya. Mzizi hauna umbo la duara lenye kuta zilizonyooka. Lile lilikuwa shimo la nguzo. Mtu aliyeishi juu ya sakafu ya juu alitoboa kwenda chini akasimamisha nguzo. Nguzo ikaungua au ikaoza, shimo likajaa udongo na takataka za wakati wake. Vitu vya mle vilikuwa vya watu wa juu, mimi nikawapa wa chini. Nililala na hilo. Siku ya 12 nikanyamaza. Siku ya 13 nikanyamaza.

Siku ya 14 Mwiko alipita akitazama kuta za mashimo, akasimama juu ya mraba wetu. Nusu ya doa ilikuwa imebaki ndani ya ukuta, imekatwa wima kama mkate: nyeusi, 10YR 3/2 kwenye kitabu cha Munsell, katikati ya udongo wa 10YR 5/4. Hata kipofu angeiona. Nusu ya pili, ile iliyopaswa kuwa chini yetu, ilikuwa shimo tupu.

"Nani amechota hapa?"

Mwenzangu ndiye aliyekuwa ndani ya mraba wakati huo, mwiko mkononi. Mimi nilikuwa juu, hatua mbili, na ndoo. Mwiko hakungoja jibu. Akamshukia mbele ya watu wote: hapa hatulimi viazi, mtu akitaka kulima shamba lipo, miaka miwili ya masomo imeingilia wapi. Ilidumu labda dakika mbili. Mwenzangu alinitazama mara moja tu. Nami, Mungu anisamehe, nilinyanyua ndoo nikaenda kumwaga udongo.

Nilikwenda kwa Mwiko saa moja usiku, akiwa anaandika kwenye meza ya kukunja. Nikasema yote, mpaka ya mkaa. Nilitegemea radi. Akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa, "Ule mkaa umeuandika tabaka gani?" Nikamwambia. Akavua miwani.

"Tungeupeleka maabara," akasema. "Wangetupa jibu zuri, lenye namba na kiasi cha kukosea. Tarehe ya nini?"

Nilisimama pale kwa muda. Insha yangu ya miezi kumi na tano nyuma ilikuwa imejaa namba sahihi, na haikuwa na hata sentensi moja iliyosema kwamba maabara hupima mkaa, haipimi sakafu. Kaboni 14 inakuambia pete ile ya mti, yaani duara la ukuaji wa mwaka mmoja ndani ya gogo, iliacha lini kuvuta kaboni hewani, na kama kipande kimetoka katikati ya gogo la mti mzee, huenda pete hiyo ilikufa mamia ya miaka kabla mti haujakatwa. Ndiyo maana wachimbaji hupenda mbegu iliyoungua kuliko boriti: mbegu ni ya mwaka mmoja. Na hata ukiwa na mbegu, lazima uonyeshe ilifikaje mahali ulipoiokota. Yule mwenzetu aliyekwenda ofisini na karatasi yake alielezwa hayo yote kwa dakika 20. Mimi yalinigharimu shimo la nguzo.

Mwiko akanisogezea fomu ya tabaka na penseli. "Andika." Nikauliza niandike nini. "Ulichofanya, siku gani, na kwamba ni wewe." Nikaandika kwamba sehemu ya shimo la nguzo ilichimbwa bila kupigwa picha wala kuchorwa, kwamba vigae vya mfuko fulani na fulani vimechanganyika na visitumike kukadiria umri wa tabaka, kwamba mkaa namba fulani ni wa shimo na si wa tabaka. Nikatia jina langu. Fomu ile iko kwenye kumbukumbu za uchimbaji, na itakuwepo nikiwa sipo.

Ndipo akanisimulia Shanga, mji wa kale kwenye kisiwa cha Pate, pwani ya Kenya. Miaka ya 1980 mwanaakiolojia Mark Horton alichimba chini ya magofu ya msikiti wa mawe ya matumbawe, akashuka msikiti baada ya msikiti, hadi akafikia majengo madogo ya mbao ambayo mbao zake hazikuwepo tena. Zilikuwa zimebaki alama za nguzo kwenye udongo. Kwa kuzifuata alama hizo ilijulikana kwamba Waislamu walisali pale tangu karne ya 8. "Madoa kama lako," Mwiko akasema. "Mtu mwenye haraka angesema mizizi."

Kesho yake tulichora ile nusu iliyobaki ukutani, kwa kipimo cha 1:10. Ilitosha kuonyesha kwamba shimo lilianzia sakafu ya juu. Kwa hiyo hasara haikuwa kamili, na mkaa, baada ya kusahihishiwa lebo, bado ulikuwa na kazi. Ila vigae vya siku mbili vilibaki na alama ya kuchanganyika, na mifuko hiyo ilipopita kwenye meza ya kuoshea kila mtu alijua ni ya nani.

Najua namna simulizi hizi zinavyopenda kwenda: mwalimu mkali, mwanafunzi mjinga, machozi, kisha wote wanapendana. Kwangu haikwenda hivyo. Asubuhi ile nilimwomba mwenzangu radhi. Akasema "sawa", akaomba kuhamia mraba mwingine. Hatujawahi kurudi kuwa marafiki, na simlaumu. Mwiko naye hakumwomba radhi. Nilimkumbusha, kwa heshima zote: "Mwalimu, yule uliyemgombeza hakuwa yeye." Akajibu, "Anajua." Nadhani alitaka kusema mwenzangu anajua kwamba yeye si mkosaji. Lakini watu 20 walisikia matusi ya viazi, na hakuna hata mmoja aliyesikia yakirudishwa. Aliyenifundisha kuandika kosa langu kwa jina langu hakulisema la kwake hata kwa sauti ya chini.

Kwa hiyo maoni yangu ni haya. Kama mwanaakiolojia, sijakutana na mtu anayeona udongo kama yeye. Jicho lake linasoma ukuta wa shimo jinsi wengine wanavyosoma barua. Ni mwaminifu kwa ushahidi kiasi cha kuchosha. Alikuwa akiturudisha mara kwa mara kwa Shinichi Fujimura, mchimbaji wa Japani aliyenaswa na kamera za gazeti mwaka 2000 akifukia zana za mawe ili azifukue mwenyewe, na akisimulia uso wake ulikuwa na huzuni ya kweli, kama anayezungumzia ndugu aliyepotea. Kama msahihishaji ni wa haki: nimelinganisha kazi nyingi, hapendelei mtu, maoni yake mafupi yote ni maswali halisi yenye majibu. Kama mwalimu wa darasa kubwa la watu wapya, ni mbaya. Anarudisha kazi baada ya wiki saba, wakati ulishasahau ulichowaza. Anadhani kutoeleza ni heshima kwa mwanafunzi. Na mdomo wake uwanjani unaumiza watu ambao hawakustahili. Ukiniuliza kama ni mzuri au mbaya nitakuuliza, kwa lugha yake: mzuri wa nini?

Ukichukua somo lake, usitegemee desa. Maswali yake habadilishi, anabadilisha kigae, na majibu ya mwaka jana hayakiingii cha mwaka huu. Tafuta mwanafunzi wa mwaka wa tatu mapema, akueleze yale ambayo Mwiko anadhani unayajua. Maoni yake ya maneno mawili yaandike kwenye ukurasa mmoja, yote, muhula mzima, halafu uyasome kwa pamoja. Mimi nilipofanya hivyo mwaka wa tatu niliona yalikuwa swali lilelile likirudi kwa nguo tofauti. Na ukiharibu uwanjani, sema saa ileile, kabla udongo haujapita kwenye chekeche. Siku tatu zangu za kimya ziliharibu kuliko mwiko wangu.

Kuhusu fomu ya tathmini, jaza, lakini andika kitu ambacho mtu anaweza kukibadilisha. "Hajali wanafunzi" hakina pa kushikwa. "Insha ilirudi baada ya wiki saba, siku mbili kabla ya mtihani" kina pa kushikwa. Mwaka wa mwisho niliandika mistari tisa. Mmoja ulihusu muda wa kusahihisha. Mmoja ulisema wanafunzi wapya waonyeshwe, hata mara moja, kigae kimoja kilichoelezwa vizuri kabla ya kuachiwa cha kwao. Mmoja ulihusu asubuhi ya siku ya 14. Nilitia jina langu, ingawa fomu haikuomba jina.

Sijui ni mstari upi uliomfikia. Ila mwaka huu wadogo zangu wa mwaka wa kwanza wananiambia kwamba siku ya kwanza aliingia na boksi lilelile la viatu, akatoa kigae kimoja, akakieleza yeye mwenyewe kwa dakika kumi nzima, unene, ukingo, michoro, masizi ya moto upande wa nje, ndipo akawagawia vyao na kufungua gazeti.

Tasnifu yangu iko kwake, wiki ya tano sasa. Jana nilipita ofisini, mlango ulikuwa wazi na yeye hayupo. Nikaiona mezani, bado imefungwa kwa ule uzi nilioifunga nao, boksi la viatu limewekwa juu yake.